Hiari ya Mama Buli

"Kodi sasa ni hiari!" Redio, mleta habari wa kijiwe cha kahawa, alitangaza kabla hata hajakaa, simu kaiinua juu kama kombe. "Mahakama Kuu imesema. Anayetaka alipe, asiyetaka anywe kahawa."

Benchi zima lilishangilia, isipokuwa Cheche, fundi wa kuchomelea mageti. Yeye roho ilimpaa. Hukumu iliyosomwa asubuhi ile ilikuwa ya kesi yake, ila mgongo ulimkatalia kwenda kuisikiliza. Watu wa kodi walitaka kuinadi mashine yake. Alikata rufaa kwa Baraza la Kodi, ila kwa kuchelewa, kwa sababu alianguka kutoka juu ya geti akalazwa; Baraza likagoma kumwongezea muda, ndipo akalishtaki Mahakama Kuu.

"Lete hiyo simu," alisema Wakili, karani mstaafu wa mahakama, ambaye jina hilo alijipa mwenyewe. Akasoma, akaguna. "Redio, wewe ukisoma tangazo la msiba utakuja na zawadi ya harusi. Imeandikwa hiari ya Baraza ina mipaka."

"Mipaka ipi?" Cheche aliuliza.

"Sheria inasema Baraza linaweza kukuongezea muda likiona inafaa. Linaweza. Hiyo ndiyo hiari. Sasa wewe ulipeleka vyeti vya hospitali, wao wakajibu, 'Baraza halikuona inafaa,' basi. Jaji anasema hiari si kuamka vibaya. Toa sababu. Uamuzi umefutwa."

"Umeshinda, kaka!" Redio alimpiga Cheche kofi la mgongoni, palepale panapouma. Cheche akapiga ukelele.

"Bado," Wakili alisema. "Jaji hakalii kiti cha Baraza. Ombi limerudishwa likasikilizwe upya."

"Na nani?"

"Baraza."

"Baraza gani?"

"Kwani yako mangapi?"

Cheche alimkodolea macho. "Yaani nimemshtaki fisi, nimeshinda, nimerudishwa kwa fisi?"

"Kwa fisi anayetakiwa kujieleza."

Cheche aliinuka kwa kujikunja. Pale kijiweni kulikuwa na kiti kimoja tu chenye egemeo, cha chuma, na wa kukikalia aliamuliwa na Mama Buli, muuza kahawa, peke yake.

"Mama, naomba kiti."

"Hapana."

"Kwa nini?"

"Sijisikii."

"Wakili! Mapitio ya uamuzi!"

Wakili alikohoa, akajiweka sawa juu ya ndoo yake. "Mahakama imeona Mama hakutoa sababu. Uamuzi umefutwa. Ila mahakama haiwezi kukupa kiti. Ombi linarudi kwa Mama."

Mama Buli hakuinua macho kutoka kwenye vikombe. "Nimesikiliza upya. Hukai. Mguu wa nyuma umeachia, fundi nimemwambia tangu mwezi uliopita, na fundi mwenyewe ni wewe. Unataka uanguke tena?"

Benchi likaangua kicheko. Cheche alikipindua kiti, akauona mguu unaning'inia. Lile "sijisikii" lilimwacha mikono mitupu. Huu mguu angalau ulikuwa na dawa.

"Si ungesema mapema, Mama!"

"Mapema hapakuwa na mahakama."

"Redio, beba twende. Nikichomelee wakati mashine bado ni yangu." Alipiga hatua moja, akageuka. "Mama, nikikirudisha kizima, nitakaa?"

Mama Buli alimimina kahawa taratibu, kikombe kikajaa.

"Utaomba," alisema. "Nami nitaona kama inafaa."