Daktari wa Mabega

Mvua ndiyo iliyomsukuma Sukari chini ya dirisha la hospitali. Watu walimwita Sukari kwa sababu maneno yake yaliyeyuka masikioni kabla mtu hajapata nafasi ya kuyatafuna; kazi nyingine ya kueleweka hakuwa nayo. Ndani, mtaalamu wa mazoezi ya viungo alikuwa akiwafundisha wagonjwa kuvuta mikanda ya mpira iliyofungwa kwenye nguzo. Kiwiko kigande mbavuni, alisema, bega lisipande sikioni, vuta polepole, rudisha polepole zaidi. Kisha akawageuza waukabili ukuta, wausukume kwa viganja kama watu wanaotaka kuhamisha nyumba. Mgonjwa mmoja akauliza mikanda ile inauzwa wapi. Sukari, kule nje, akasahau mvua.

Alirudi nyumbani na mzigo wa tyubu kuukuu alizopewa na fundi baiskeli. Mkewe akazikata vipande virefu, akaviosha, akavipaka mafuta ya karafuu, huku akitaka kujua safari hii wanauza nini. Afya, Sukari akamjibu, na yeye mwenyewe akaonekana kuamini.

Alichagua barabara ya mafundi cherehani, na hapo tumpe haki yake, kuchagua alijua. Watu wanaoinamia cherehani kutwa nzima, mabega yamewakakamaa kama mbao. Akajitambulisha kuwa daktari wa mabega, akawafundisha kuvuta kama alivyoona dirishani, akawaeleza kwamba mipira ile imelowekwa dawa ya ng'ambo, na kwamba dawa yenyewe huchukua wiki kadhaa kuamka. Wiki hizo alipanga zimkute mbali. Kilichomharibia ni kwamba mafundi walifanya mazoezi kwelikweli, asubuhi na jioni, kiwiko mbavuni, bega chini, na maumivu yakaanza kupungua. Wakamshukuru. Mmoja akamshonea koti. Sasa tapeli gani huwakimbia watu wanaomshonea koti?

Sifa zikamfikia Mama Jumla, mwenye ghala la vitambaa mwishoni mwa barabara, mwanamke aliyetaka kila kinachouzwa pale kipitie mikononi mwake. Alimwita, akamvutia kiti, akasema anataka uwakala wa mji mzima. Sukari akataja bei ambayo yeye mwenyewe aliionea haya. Mama Jumla hakukunja hata uso.

"Bei sina neno nayo, daktari," alisema. "Ila sinunui dawa ya mabega kwa mtu ambaye mabega yake sijayaona yakifanya kazi."

Nje palikuwa na lori limejaa majora ya vitambaa, na wapakuzi, alisema kwa masikitiko, hawajafika. Sukari akalitazama lori, akaiwaza ile bei, akavua koti.

Majora ya mwanzo aliyabeba kwa tabasamu. Mama Jumla alikaa mlangoni na kikombe cha chai, akimwongoza kwa upole wa mwalimu. "Bega lisipande sikioni, baba. Kutua, polepole zaidi." Mafundi wakatoka vibandani kumtazama daktari wao, na kila alipotaka kupumzika, makofi yao yakamrudisha kazini. Mmoja akajitolea kumpokea mzigo; Mama Jumla akamzuia, akisema si adabu kumkatiza mganga katikati ya somo.

Lori lilipobaki tupu, Sukari aliegemea ukuta, jasho likimchuruzika, akaulizia uwakala.

"Uwakala ninao tangu juzi," Mama Jumla alisema, akimnyooshea glasi ya maji. "Yule fundi baiskeli anayekupa tyubu ni shemeji yangu, sasa ananiletea mimi. Leo nilikuwa natafuta mpakuzi tu."

Sukari akawaza kumshtaki. Angemshtaki wapi, na aanzie wapi kueleza? Akataka kuipokea ile glasi. Mkono ukafika kiunoni, ukagoma. Ikabidi Mama Jumla amnyweshe, kisha amtundikie koti mabegani, maana kulivaa hakuweza.

Usiku huo mkewe alimlisha kijiko kwa kijiko huku akisimuliwa, na kadiri kisa kilivyosonga ndivyo kijiko kilivyomtetemeka mkononi kwa kicheko. Mwishowe Sukari naye akacheka, ingawa kucheka kulimuuma mpaka mgongoni.

"Kwa hiyo tunahama mji?" mke akauliza, akijifuta machozi.

Sukari akaangalia kitanda, kabati, masufuria na meza.

"Tungehama," alisema. "Lakini vyombo atabeba nani?"