Siku Saba za Mkanda wa Waziri

Jumatatu, 3 Machi

Aibu! Mbwa wetu, Waziri, ameangua gauni la mteja kwenye kamba ya jirani yetu, fundi cherehani, akakimbia nalo mtaa mzima. Nilimwita mara kumi na moja. Hakugeuza hata sikio. Mama amekata shauri: asipojifunza kuitika kufikia Jumamosi, anakwenda kwa Mjomba. Kwa Mjomba mbwa hushinda kwenye mnyororo.

Daktari wa mifugo ametuazima mkanda wa shingoni wa umeme, pamoja na rimoti yenye vitufe vitatu: mlio, mtetemo na mshtuko. Cha mshtuko amenikanya nisikiguse kabisa. Kwanza, alisema, Waziri auvae siku saba ukiwa umezimwa, wakati wa kula, auzoee kama kitu cha heri. Ndipo nianze kumwita kwa mlio.

Siku saba! Hadi Jumamosi hazifiki saba. Nikapiga hesabu. Mbwa hula mara mbili kwa siku, kwa hiyo siku saba ni milo kumi na minne. Akila mara tano kwa siku, Alhamisi tumemaliza. Nimejipongeza.

Jumatano, 5 Machi

Milo kumi tayari. Waziri akiuona mkanda tu, anajilamba. Ila chakula chake kimekwisha, hivyo nimechota nyama kwenye sufuria. Vipande vichache. Vinane.

Mama alifunua sufuria, akamgeukia Bibi, mama yake, aliyekatazwa nyama ya mafuta. Bibi akaapa kwa meno yake yote matatu kwamba hajaigusa. Mama akasema hayo matatu ndiyo anayoyashuku. Baba akacheka. Mimi nikainamia daftari kama mtu aliyepotelewa na kifutio. Bibi hakumaliza chai yake.

Alhamisi, 6 Machi

Kumi na minne! Waziri ametapika ndani ya kiatu cha Baba. Mlo huo nimeuhesabu hata hivyo, maana uliingia kabla ya kutoka.

Jumamosi, 8 Machi

Mtihani. Mama, Bibi na fundi cherehani walisimama uani. Nikamvisha Waziri mkanda, nikabonyeza mlio, nikamwita kwa sauti tamu. Akanipa mgongo. Akaingia jikoni moja kwa moja, akafunua sufuria kwa pua kama mwenye nyumba.

Kisha Bibi akasema kumbe mwizi wa nyama ana mkia, na mwalimu wake anavaa sare ya shule.

Nililia, nikakiri yote, hata kiatu. Mama alikwishashika simu ampigie Mjomba. Bibi, niliyemwacha asingiziwe, ndiye aliyeniombea: mtoto amekosa, mbwa ana kosa gani? Mama akalegea. Ametupa siku saba nyingine, kamili, kuanzia kesho. Nikipunguza hata moja, Waziri anaondoka. Nilimwomba Bibi radhi. Akasema yamekwisha, mjukuu wangu. Nilitamani ardhi inimeze.

Jumapili, 9 Machi

Nimejirekebisha. Waziri amekula mara mbili tu, mkanda shingoni, umezimwa. Siku saba nilizoahidi nitazitimiza zote, sipunguzi hata moja.

Jioni hii nimekumbuka somo la sayansi: watu husema mwaka mmoja wa binadamu ni miaka saba ya mbwa. Basi siku yetu moja ni siku zake saba! Naona haya sikuliwaza mapema, Bibi angekunywa chai yake kwa amani.

Waziri amemaliza leo. Kesho asubuhi nitamwita kwa mlio, na fundi cherehani nimeshamwalika.