Bi Hodi Kwenye Geti la Reli

Jumatatu, 3 Machi
Barua kutoka kwa stesheni masta. Mistari minne, matusi matupu. Ijumaa anakuja mkaguzi kuamua kama geti la reli nitaachiwa mimi, au litafungwa mtambo unaojishusha na kujiinua wenyewe. Miaka kumi na moja nashusha na kuinua mti wa geti lile! Sijawahi kugongesha hata kuku. (Yule mbuzi alikuwa mgonjwa tayari.)

Na si hayo tu. Shemeji yangu mwenye duka la dawa, kaka wa mke wangu, amenunua roboti ya kupeleka dawa majumbani. Kisanduku cheupe, magurudumu sita, kibendera mgongoni. Saa nne asubuhi kikafika getini kwangu, kikasimama, kikasema kwa sauti ya kike: Hodi. Hodi! Kwenye reli! Sikujibu. Kikakaa pale nusu saa na vidonge vya presha vya bibi mmoja wa ng'ambo ya reli. Akina mama waliokuwa wakitoka sokoni wakaniuliza nina roho gani. Wameshakipa jina: Bi Hodi.

Jumanne, 4 Machi
Shemeji amekuja juu. Anasema Bi Hodi amefundishwa adabu: hapiti geti wala mlango mpaka aambiwe karibu. Ni neno moja tu, shem, akasema, au litakuchubua ulimi? Nikamjibu mimi ni mtumishi wa reli, si mwenye nyumba anayepokea wageni. Mke wangu akadakia kwamba mashine ile angalau hubisha, wakati wapo watu huingia jikoni kwake na viatu vya matope. Hakutaja jina. Tulikuwa watatu tu chumbani.

Nimesusa chakula. Nimekula baadaye.

Jumatano, 5 Machi
Redio imesema chombo cha angani kimeanguka jangwani kikijaribu kutua. Kilikuwa kikijiendesha chenyewe. Nikamwambia mke wangu: unaona? Hakukuwa na mtu mwenye bendera! Akaniomba nimpishe afagie.

Lakini nikiwa nimeinua miguu, wazo likanijia. Kumbe hata mashine ya shemeji inasubiri neno la binadamu! Ijumaa, mbele ya mkaguzi, Bi Hodi atabisha. Nitanyamaza mpaka treni ipite, ndipo nimkaribishe. Mkaguzi ataona kwa macho yake: bila mtu, mashine ni kabati tu.

Nimefanya majaribio leo leo. Akabisha, nikanyamaza. Treni ya saa kumi ilipokaribia nikapuliza filimbi, kama siku zote. Ikapita. Nikasema karibu. Akasema asante, akavuka. Safi kabisa! Nilijiona jenerali.

Alhamisi, 6 Machi
Nimempigia shemeji simu anitumie dawa ya kikohozi kesho, saa kumi kasoro dakika tano, si mapema, si baadaye. Akataka kujua tangu lini naamini dawa zake, maana mwaka jana nilisema ni maji ya sukari. Nikakohoa simuni mpaka akakubali. Bi Hodi ataleta yangu pamoja na za wengine, chupa ishirini. Msimu wa mafua.

Mchana nimefungua kitabu cha kanuni, mara ya kwanza tangu nikabidhiwe. Wanasema mkaguzi amekihifadhi chote kichwani. Ukurasa wa tisa: filimbi hairuhusiwi! Mlinzi ashike kipaza sauti na kutangaza mara tatu kwa sauti kubwa: Treni karibu. Miaka kumi na moja napuliza filimbi na hakuna aliyeniambia! Uzembe ulioje wa wakubwa! Kipaza sauti nimekikuta chini ya ndoo. Kinafanya kazi.

Ijumaa, 7 Machi
Nina hasira mpaka kalamu inatoboa karatasi. Niandike kwa mpangilio.

Saa kumi kasoro dakika kumi mkaguzi akafika: mama mrefu, miwani, koti la rangi ya maziwa. Saa kumi kasoro tano akafika Bi Hodi. Hodi. Nikanyamaza. Nikamnong'oneza mkaguzi aangalie utii wa mashine mbele ya mtu. Akaandika kitu. Kilikuwa kizuri, nilijua kwa nyusi zake.

Treni ikapiga honi kwenye kona. Nikashika kipaza sauti, kifua mbele, ukurasa wa tisa: Treni karibu!

Bi Hodi akasema asante. Akapenya chini ya mti wa geti.

Nikapiga kelele: Rudi! Huoni treni iko karibu? Akasimama katikati ya reli ili aseme asante tena. Amefundishwa adabu. Nikapunga bendera nyekundu, dereva akafunga breki, vyuma vikalia, lakini treni si baiskeli.

Hakuna mtu aliyeumia. Bi Hodi vipande vipande. Chupa ishirini ziliruka hewani, na nyingi zilitua kwenye koti la rangi ya maziwa. Dereva akateremka kuniuliza kama kuna wageni wengine niliowaalika. Shemeji akaja mbio na kandambili moja, akaokota gurudumu, akaniita muuaji. Mimi! Siku moja katika miaka kumi na moja nimefuata kanuni neno kwa neno, na haya ndiyo malipo! Kosa ni la mashine isiyojua tofauti ya karibu na karibu.

Jumatatu, 10 Machi
Uamuzi umetoka. Geti linafungwa mtambo. Mimi nahamishiwa stoo ya mizigo, chini ya karani anayemenyea karanga juu ya vitabu vya kazi. Nimekataa. Nimeshahamishwa.

Ila mtambo unahitaji sauti ya kutangaza, na mkaguzi (koti jipya) amekiri kwamba yangu ilisikika mpaka stesheni. Kesho nairekodi. Sasa nani amebaki getini? Mimi! Neno karibu limepigwa marufuku. Mengine nimeachiwa nichague mwenyewe.

Shemeji amepita kujigamba. Ameagiza Bi Hodi wawili wapya, na hawa hawasikii tena karibu, wanasubiri kuambiwa pita. Nikamwambia mambo ya visanduku vyake hayanihusu, nina kazi ya maana.

Nimekaa mezani saa mbili nzima, na maneno nimeyapata. Mafupi, wazi: Treni hiyo! Pita mbali! Pita mbali! Nimemsomea mke wangu kwa sauti kamili. Akashauri nimuulize kwanza kaka yake.

Nimuulize yule! Mambo ya reli!