Mfalme Kipofu wa Senlis

Kama kuna mji ambao watu wake huvua dhahabu zao kwa hiari, tena kwa foleni, Régis Poulard hakuwahi kuusikia. Siku alipouona kwa macho yake nusura apaliwe na kahawa.

Alikuwa amejibanza mkahawani, kwenye uwanja wa kanisa kuu la Senlis, akimkimbia mjane mmoja wa Beauvais. Mjane huyo alikuwa amenunua kwake shamba la mizabibu ambalo, kwa bahati mbaya, lilikuwa ziwa. Pale uwanjani palikuwa na watu wa filamu. Hilo kwetu si habari. Kanisa letu lina mnara mrefu, sanamu zilizokatika pua na vichochoro vya mawe kila upande, kwa hiyo kila mwenye kamera na mfalme wa kuua huja kumuulia hapa. Siku hiyo lami ilikuwa imemwagiwa mchanga, madishi ya televisheni yameshushwa, na kibao cha mwoka mikate kimevishwa gunia, ili watazamaji waamini kwamba ni zama za kale na kwamba zama hizo watu hawakuhitaji kuelekezwa mkate ulipo.

Kilichomshtua Régis ni binti mmoja mwenye vifuko vya kitambaa. Alipita kwenye foleni ya wenyeji waliovaa matambara, akipaza sauti, "Saa, pete, mikufu, simu! Enzi za tauni hakuna simu, jamani!" Na watu wenye akili zao timamu wakavua. Mwenye duka la dawa akavua bangili. Hocquet muuza nyama akang'oa pete iliyokuwa imezama kidoleni tangu harusi yake. Kila mmoja akapewa kikaratasi chenye namba, akasema asante, akaenda zake kufa kwa tauni.

"Mungu wangu," Régis alinong'ona, na safari hii hakuwa akiapa uongo.

Akatoa saa yake ya mfukoni kutazama wakati. Ilikuwa ya dhahabu, zawadi aliyopewa baba yake alipostaafu udereva wa treni. Katika vyote alivyokuwa navyo, kuanzia viatu hadi jina, hicho ndicho kitu pekee ambacho hakukipata kwa ujanja. Alishauza ziwa, alishauza daraja, alishauza dawa ya kuotesha nywele kwa watu wenye nywele. Lakini saa ya mzee hakuiweka rehani hata siku alizolala na njaa. Alijua ni upumbavu, akaulinda upumbavu wake kwa mnyororo.

Baada ya wiki kadhaa alirudi akiwa na skafu ndefu, kipaza sauti, na kamera kubwa isiyo na kitu ndani. Sasa aliitwa Gontran de Valcourt. Watu wakamwelekeza mtaa wa Châtel, kwa Bibi Odile Fauvel, mshonaji mzee na mwenyekiti wa chama cha watu wa nyuma. Hao ndio wanaopita nyuma ya nyota wa filamu wakijifanya wana shughuli. Alimkuta jikoni na Hocquet, ambaye alikuwa amemletea nyama ya ndama na sasa anamkatia.

"Shikamoo, mama. Mimi ni mwongozaji."

"Marahaba, mwanangu. Hapa hata paka ni mwongozaji. Kaa."

Régis akakaa, akaitupa skafu begani. "Filamu yangu ni ya mfalme kipofu anayetubu dhambi zake kanisani. Na niwaambie mapema: sitaki wakulima, sitaki maiti. Nataka watu wa heshima watupu. Wote mabwana na mabibi wa kasri."

Kisu cha Hocquet kikasita. "Wote?"

"Wote, mzee. Wewe na mabega hayo, nani alikupa kazi ya umaiti? Wewe ni mtawala kabisa!"

Sasa Hocquet alikuwa ameshakufa kwa tauni katika filamu nne na kunyongwa katika mbili, mojawapo bila kosa. Maneno yale yalimwingia hadi kwenye ini. Huo ndio ufundi wa Régis: alijua kumvisha mtu kilemba cha ukoka na mtu akajitazama kwenye kioo.

"Tatizo ni vito," aliendelea, sauti imeshuka. "Mabwana hawavai vioo, kamera inaumbua. Leteni dhahabu za kweli, zile za mabibi zenu. Asubuhi tunazikusanya kwenye kasha, mtaalamu wangu anapanga nani avae nini. Kisha mnapiga magoti, mnafumba macho, mnamwombea mfalme. Hakuna kufumbua mpaka niseme."

"Dhahabu kashani, macho tumefumba," alisema Bibi Odile.

"Umeielewa sanaa, mama."

"Na mfalme ni nani?"

"Nyota mkubwa. Anatoka Paris asubuhi hiyo hiyo. Jina siruhusiwi kulitaja."

"Haya. Na chakula cha mchana?"

"Chakula gani?"

"Cha mchana, mwanangu."

Régis akacheka kwa madaha. "Sanaa haina tumbo, mama! Tunaunganisha moja kwa moja mpaka tumalize. Kila mtu aje ameshiba kwake."

Jikoni pakawa kimya. Hocquet aliweka kisu mezani taratibu, Bibi Odile akampangusia mgeni vumbi begani, tena kwa huruma. "Sawa, mwongozaji. Ruhusa ya kanisa niachie mimi. Wewe njoo na skafu yako."

Régis alitoka akipiga mluzi. Kile kimya alikisikia vizuri sana, akakitafsiri kuwa ni heshima.

Siku yenyewe ilipofika, alikuta kanisa limejaa mahameli. Chama kilikuwa na stoo ya nguo ambazo watu wa filamu huzisahau wanapoondoka, na wanaposahau, Bibi Odile hawakumbushi. Mmoja baada ya mwingine walipita mbele ya kasha na kutupia humo mikufu, mapete, mataji. Mwenye duka la dawa alibusu bangili yake kabla ya kuiachia, akafuta chozi. Régis alitamani kuzama humo mikono miwili, lakini alijizuia asionekane ana tamaa. Gari lake lilikuwa limeegeshwa nje ya mlango mdogo wa pembeni. Kasha liliwekwa karibu na mlango huo huo, maana yeye mwenyewe ndiye aliyesema hapo ndipo penye usalama.

"Magoti sasa, waheshimiwa! Macho!" alipiga kelele kwenye kipaza sauti.

Hakuna aliyepiga goti.

"Tumpigie nani?" aliuliza Hocquet, ambaye taji lilikuwa limempanda kichwani kwa kila namna. "Mfalme yuko wapi?"

"Yuko njiani. Foleni za Paris mnazijua. Anzeni tu."

"Kwa kiti kitupu?" alidakia mwenye duka la dawa. "Mimi nimecheza na wafalme saba, sijawahi kukipigia magoti kiti. Nirudishieni bangili yangu."

"Na mimi mkufu wangu!"

Jasho likamtoka Régis chini ya skafu. Bibi Odile akamsogelea, akamshika kiwiko. "Mwanangu, hawa watatawanyika na dhahabu zao sasa hivi. Na jua ndilo hilo linaingia kwenye vioo vya rangi, likihama hapo basi tena. Cheza wewe."

"Mimi? Hapana, mama, mimi ni mtu wa nyuma ya kamera."

"Na sura hiyo?" Alimgeuza kwenye mwanga. "Hocquet, hebu njoo umwone kidevu. Huyu si mfalme huyu?"

"Mimi ningemkatia nyama bure," alisema Hocquet.

Ndugu msomaji, mtu aliyeishi kwa kuigiza maisha yake yote, na hakuna hata siku moja aliyopigiwa makofi kwa sababu ilikuwa lazima aondoke haraka, ungemtegemea ajibu nini? Régis alipandisha kidevu.

Joho jekundu likaletwa. "Vua hiyo suruali, ina zipu," alisema Bibi Odile. "Na viatu. Mfalme anatubu, anatubu pekupeku." Suruali ikatiwa kwenye kifuko cha kitambaa pamoja na pochi na ufunguo wa gari. Régis hakujali sana, kifuko kingekuwa pale pale na angekinyakua akitoka. Kisha yule bibi akanyoosha kiganja tena. "Saa."

"Hii haionekani, mama. Iko ndani ya joho."

"Enzi za kale hakuna saa."

"Ni ya marehemu baba."

"Na bangili ile ni ya marehemu mama yake yule. Sheria yako mwenyewe, mwongozaji."

Kanisa zima lilikuwa linamtazama. Aliifungua kutoka kwenye mnyororo, akaiweka kwenye kiganja cha bibi. Ilitiwa kifukoni, naye akapewa kikaratasi chenye namba. Akasema asante.

"Na kitambaa hiki cha macho," aliongeza Bibi Odile, akimfunga. "Si umesema kipofu?"

Akasikia mahameli yanashuka sakafuni. Walikuwa wamepiga magoti hatimaye! Angepaswa kungoja kidogo, avute kitambaa, abebe kasha, ale kona. Hiyo ndiyo ilikuwa mipango. Lakini kimya cha kanisa lile kina mambo yake, na alikuwa hajawahi kupata hadhira iliyonyamaza namna ile. Akafungua mdomo.

Alitubu, jamani. Alianza na dhambi za mfalme, akateleza akaingia kwenye zake. Akamtaja mzee mmoja aliyeamka kabla ya alfajiri miaka yote ili treni za watu zisichelewe, na mwanawe ambaye hakuwahi kuwahi popote ila kukimbia. Alilia machozi ya kweli mpaka kitambaa kikalowa. Alipomaliza alisubiri makofi.

Alisubiri sana. Mwishowe akavuta kitambaa.

Kanisa lilikuwa tupu. Si bwana, si bibi, si kifuko. Lakini kasha! Kasha lilikuwa pale pale mlangoni! Wapumbavu hawa, alijiambia, wamekwenda wapi mimi sijui na sitaki kujua. Akalikumbatia, akatoka nduki pekupeku hadi nje, akasimama mahali gari lilipokuwa, ambapo sasa palikuwa na njiwa.

Akafungua kasha. Pete za mapazia. Minyororo ya kuvutia maji chooni. Mataji ya karatasi ngumu yaliyopakwa rangi ya dhahabu, na rangi yenyewe ikamganda vidoleni.

Ndipo aliposikia vijiko. Upande wa pili wa uwanja meza ndefu ilikuwa imetandikwa, na watu wa heshima wote wa Senlis, na mahameli yao, walikuwa wakila ndama wa mchuzi mweupe.

"Karibu, mwongozaji!" alipiga kelele Hocquet. "Chakula kizuri! Umelipia wewe!"

"Wezi nyie!" Régis alifoka. "Gari langu! Kamera yangu! Nitaita polisi!"

"Kituo kiko kona ile," alisema Bibi Odile, bila kuacha kupaka jibini kwenye mkate. "Wakikuuliza jina, utawapa lipi?"

Régis akafunga mdomo. Ni jambo lililomtokea mara chache maishani.

"Mlijuaje?" aliuliza hatimaye, sauti imekwisha.

Hocquet alifuta ndevu. "Bwana wee, filamu bila hadithi tumecheza. Bila pesa, bila nyota, tumecheza. Lakini Mfaransa apige filamu bila chakula cha mchana? Kaka, hapo ulijiumbua mwenyewe!"

Meza nzima ikaangua kicheko. Mwenye duka la dawa peke yake ndiye aliyemsogezea kiti. "Ila kule ndani uliweza," alimwambia. "Mwishoni ulizidisha kidogo, lakini uliweza."

Régis hakuketi. Alikuwa anamtazama Bibi Odile, ambaye saa ya dhahabu ilikuwa imelala mbele ya sahani yake. "Gari chukueni. Hiyo nirudishie, mama. Nakuomba." Na safari hii hakuwa anaigiza.

Yule bibi aliipeleka saa sikioni, akaisikiliza. "Ya mtu aliyeamka mapema," alisema. "Utaipata siku nitakayokuona na wewe umeamka mapema." Akaitia mfukoni, akaomba chumvi.

Mwezi uliofuata ilikuja filamu ya kweli. Mchanga ukamwagwa, madishi yakashushwa, foleni ikajipanga tangu alfajiri, na aliyekuwa wa kwanza kabisa kwenye foleni hiyo, amevaa matambara ya maiti wa tauni, alikuwa Régis Poulard. Binti mwenye vifuko akafika kwake.

"Una kitu chochote cha thamani, kaka?"

Régis alitazama nyuma, kule Bibi Odile alipokuwa amesimama na mkono mfukoni, akitafuna mkate.

"Ninacho," alisema. "Muulize yule mama kama ameniona."