Mtambo wa Kuni Tatu

Watson hajawahi kuona kiu ya mtu akaiacha ipite bure. Sokoni Tunduma, miaka ile ya Mwingereza, alimsikia muuza chumvi akilalamika, "Kwetu Ivuna hata chai inakuja na chumvi yake!" Watu wakacheka. Watson akaenda kutafuta debe.

Wiki ile ile akaingia Ivuna na baiskeli, kavaa suti ya Kitwe, kule kwenye migodi ya shaba. Nyuma kafunga debe lenye bomba la shaba lililojisokota kama utumbo wa mbuzi.

"Mama Roda," akamwambia yule muuza chumvi, "unachemsha maji yenu ya chumvi humu, mvuke unapita huku, unapoa, yanatoka maji matamu. Wazungu wanao majumbani!"

"Huo mtambo unakula nini?"

"Kuni tatu. Kutwa nzima."

Roda alikuwa akipika chumvi tangu usichana. "Mbona chungu changu kinakula mzigo mzima?"

"Kuni zako hazijasoma, mama."

"Na ya nne ikihitajika?"

"Natoa mimi!"

"Haya. Jaza mtungi huu kwa kuni zako tatu, magunia yale matano ya chumvi ni yako."

Ubavuni mwa bomba Watson alikuwa ameficha chupa ya maji ya mto. Moto haujashika, maji matamu yakatiririka. Vigelegele!

"Matamu kweli," Roda akasema. "Endelea, mtungi bado una njaa."

Chupa ikaisha. Hapo Watson akapata mshtuko wa maisha yake: mtambo ulifanya kazi kweli. Ila ulitoa tone, ukapumzika, ukatoa tone. Na ulaji wake, Mungu atusamehe, ulikuwa wa mkwe mlafi. Kuni tatu zikawa majivu kabla hajavua koti.

Kwa bahati akapita mzee Enoka na mkokoteni wa kuni.

"Nauza kwa baiskeli," Enoka akasema.

"Baiskeli nzima? We mzee una roho mbaya!" Roda akafoka.

"Mama, usiingilie biashara ya wanaume."

Walivyozozana, usingedhani wamezaa watoto saba pamoja. Watson akatazama magunia matano, akatoa baiskeli.

Akachochea mpaka kope zikaungua. Kila debe likikauka, Roda alikuja na kikapu.

"Niache nikukwangulie uchafu, kaka, mtambo usizibe."

"Ubarikiwe, mama."

Jua linazama, mtungi ukajaa. Watson akakimbilia magunia. Akakuta sita.

"Hili la sita?"

"Uchafu wa mtambo wako," Roda akasema, akilifunga mdomo.

"Basi nipe yangu matano!"

"Kwa kuni tatu, kaka. Umechoma mkokoteni. Mtambo unakula hivi, nani ataulisha? Maji chukua, umeyatolea jasho."

Watson akanywa kata nzima, akakunja uso. "Hata ladha hayana!"

"Tia chumvi," Roda akasema. "Nauza."