Sauti ya Mzee Mughwai Ipo kwenye Mfumo

(Hotuba ya Mheshimiwa Melkizedeki, Mratibu Mkuu wa Mradi Unganishi wa Kimkakati wa Michezo ya Kompyuta ya Kutisha, aliyoitoa ukumbini Utemini, Singida, siku ya uzinduzi wa mchezo uitwao "Usiitike". Imeandikwa na karani kama ilivyosemwa.)

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, nafasi ambayo kwa unyenyekevu naikaimu mwenyewe baada ya yule tuliyemwalika kutopokea simu; waheshimiwa wajumbe wa Kamati Tendaji, waheshimiwa wajumbe wa Kamati ya Kuisimamia Kamati Tendaji, na mke wangu ambaye yumo katika zote mbili; mashehe na wachungaji mliotuombea mvua na leo mnatuombea umeme usikatike; wazee wangu, shikamooni; wataalamu mliosoma, wataalamu mnaoendelea kusoma, na ninyi mlioacha mkaajiriwa; akina mama wa kikundi cha ngoma kutoka Mtinko, mliocheza mpaka vumbi likaingia kwenye projekta; warina asali wa Mitundu mliokuja na lori tangu alfajiri; mabibi na mabwana. Wengine wakisimama hapa husema itifaki imezingatiwa, wakapita njia ya mkato. Mimi sipiti njia ya mkato, nataja mtu mpaka aridhike. (Makofi. Waliokosa viti wanahamia dirishani.)

Ndugu zangu, kwa mapana yake na kwa kuzingatia upembuzi yakinifu tulioufanya tukiwa tumekaa, mradi huu umelenga kuitoa Singida kwenye kuku wa kienyeji, alizeti na vitunguu, na kuipeleka kwenye uchumi wa kidijitali, ambako mtu halimi, hafugi, anabofya. Kwa ambao hamjawahi kuuona, mchezo wetu ni hivi: mtu anajikuta peke yake katikati ya kichaka cha Itigi, kile mnachokijua, kinene hata mbuzi anaingia kwa ubavu. Kuna kitu kinamfuata. Silaha hana. Kitakachomtoa ni logi za sauti, yaani vile vinasa sauti vilivyoachwa chini ya miti na warina asali waliomtangulia. Anaokota kimoja, anabofya, sauti ya mzee inamwambia pita huku, usipite kule. Akisikia, anapona. Asiposikia, anakufa. (Minong'ono. Mama mmoja wa Mtinko anauliza jirani yake kama ni kweli kuna watu wamekufa.)

Hajafa mtu, mama. Ni burudani.

Sasa, mradi mkubwa haukosi changamoto, na mimi si kiongozi wa kuficha changamoto, mimi naiweka mezani na kuipongeza. Changamoto yetu ni kwamba logi za sauti hazitoi sauti. Msikate tamaa. Mara tu tatizo lilipobainika, ofisi yangu ilianzisha zoezi la kitaalamu liitwalo trabushutingi, ambalo kwa lugha nyepesi ni kulitafuta tatizo mahali ambapo halikuwepo ili kujiridhisha kwamba halipo. Hatua ya kwanza, mtaalamu wetu wa kompyuta, Ndugu Clement, alishauri tuangalie kama spika zimewashwa. Hatukukurupuka. Tuliunda kikosi kazi, kikaenda ziara ya mafunzo mkoa mwingine kuona spika zilizowashwa zinavyoonekana. Hatua ya pili, tukaambiwa tuzime tuwashe. Kuzima kumefanikiwa kwa asilimia mia moja. Kuwasha kumeingizwa kwenye awamu inayofuata. (Vicheko upande wa vijana.) Hatua ya tatu, tukaambiwa tuweke maandishi chini ya skrini, ili hata asiyesikia asome. Tukaweka. Yanasema: "Mzee anaongea."

Na majaribio tumefanya, asije mtu akasema hatukufanya. Tuliyafanya kwa njia ya majadiliano ya vikundi. Washiriki wote walikubaliana kwamba wangekufa kwenye mti wa kwanza. Hiyo ni asilimia mia nyingine.

Nije kwenye jambo ambalo ni fahari yangu. Katika logi zote, iliyo roho ya mchezo ni ya Marehemu Mzee Mughwai wa Mitundu, Mungu amrehemu. (Warina asali wanavua kofia.) Nilimfuata mwenyewe. Nilimkalisha kwenye kiti cha ofisi ya kijiji, nikamsogezea maikrofoni, nikamwambia, Mzee, sema njia. Jamani, yule mzee alisema. Alianza asubuhi, chai ikapoa. Alisema njia ya kwenda kwenye mizinga yake ya mbali, ile aliyoonyeshwa na baba yake, mti kwa mti, kichuguu kwa kichuguu, wapi unainama, wapi unalala kabisa ukatambaa. Akaniambia hata mwiko wa kichaka, kwamba ukiitwa mara ya kwanza usiitike, ukiitwa mara ya pili usiitike, maana kile kinachopoteza watu huita mara mbili kikachoka. Mwenzako anayekutafuta kweli ataita ya tatu. Ndiyo maana mchezo wetu unaitwa "Usiitike". Na nilipomuuliza kama kuna mwingine anayeijua njia ile, akasema hakuna, bado, msimu ukifika nitampeleka binti yangu. Hapo hapo nikamkatiza. Nikamwambia, Mzee, kuanzia leo haya ni maudhui ya kipekee, ni mali ya mradi, usiyarudie kwa mtu yeyote mpaka siku ya uzinduzi. Akaniangalia. Akasema, sawa, nimekupa neno langu.

Mwanamume yule. Aliugua masika yote, hakuvunja neno.

(Mwanamke aliyekaa mstari wa tatu anasimama. Ni Emiliana, binti wa marehemu.)

"Shikamoo, Mheshimiwa."

Marahaba, mwanangu. Kaa, maswali yapo baada ya chakula.

"Sina swali. Baba alikuwa kitandani, nikamwomba aniambie njia. Akanijibu, ipo kwa Mheshimiwa, nimeshaisema. Msimu wa kurina ndiyo huu. Ile mizinga ndiyo inayotulisha, na nyegere hawasubiri uzinduzi. Nimekuja ofisini kwako nikaambiwa ipo kwenye mfumo. Naomba niisikie."

(Mheshimiwa anakunywa maji.)

Mnaona, ndugu zangu? Huyu ndiye mdau. Mradi ambao hauna mdau anayelia ni mradi mfu, na mimi nimefarijika sana kuona mwitikio huu. Emiliana, sauti ya baba yako ipo kwenye mfumo, imehifadhiwa vizuri kuliko hata angekuwa hai, maana mtu akiwa hai anasahau, mfumo hausahau, unachelewa tu. Clement, bofya hapo tuonyeshe. (Ndugu Clement anabofya kompyuta. Skrini inaonyesha picha ya msitu wenye maporomoko ya maji. Hakuna sauti.) Bofya tena. (Anabofya. Hakuna sauti.) Hapa niseme kitu. Kuna wabezaji watasema mchezo ni mbovu. Hapana. Mzee mwenyewe alitufundisha kwamba kichakani haitikiwi mara ya kwanza wala ya pili, kwa hiyo kinachoonekana hapa si kasoro, ni utamaduni. Bofya ya tatu. (Anabofya. Hakuna sauti.) Na utamaduni nao, kama mnavyojua, unabadilika.

"Mheshimiwa, hata kidogo tu. Hata akiwa anakohoa."

Kaa, mwanangu, kaa. Nakuelewa kuliko unavyojielewa. Mimi nimeacha familia yangu, nimeacha mifugo yangu, nimeukosa usingizi kwa ajili ya kikohozi cha baba yako. Nakuahidi mbele ya umati huu kwamba ndani ya mwaka wa utekelezaji, ambao utatangazwa, tutajenga Kituo cha Umahiri cha Trabushutingi hapa hapa Utemini, cha ghorofa, na chini ya ghorofa hiyo kutakuwa na chumba maalumu chenye jina la Mzee Mughwai, na ndani ya chumba kiti kile kile cha ofisi ya kijiji. Utakuja ukikalie. Utalipia kidogo, ila kwako wewe tutaangalia. (Watu wa Kamati Tendaji wanapiga makofi. Emiliana amebaki amesimama. Mzee Calist, mrina asali mwenzake na marehemu, anasogea kwenye benchi ili Emiliana apate nafasi, lakini Emiliana hakai.)

Muda umenitupa mkono, na harufu ya pilau mnaisikia wote. Nihitimishe kwa shukrani, kwani asiyeshukuru kwa kidogo hata kwa kikubwa hashukuru. Namshukuru shemeji yangu, aliyetuazima kompyuta hii pamoja na picha ile nzuri ya maporomoko ya maji, ambayo kompyuta ilikuja nayo kutoka dukani. Nawashukuru mafundi wa mchezo, ambao tutawatafuta. Nakushukuru kwa namna ya pekee, Clement, ambaye leo asubuhi ndipo nilipokueleza mchezo wenyewe unahusu nini, ukaniahidi kuuliza mjini kama kuna anayejua kuutengeneza. Na wa mwisho kwa kutajwa lakini si kwa umuhimu, Ndugu Fredrick wa kwaya, kwa maikrofoni ile uliyotuazima kule Mitundu. Najua ulisikitika kwamba tuliichukua bila waya wake na bila kile kinasa sauti chenyewe, lakini kwenye picha imetoka vizuri mno, na mzee alikuwa ameishika kwa heshima.

(Ndugu Fredrick ameinamisha kichwa. Mzee Calist anasema kwa sauti ya kawaida, "Kumbe aliongea na chuma.")

Tusonge mbele. Nikisema "Singida ya Kidijitali", mnaitikia "Inasikika".

Singida ya Kidijitali!

(Kimya.)

Labda hamkunisikia. Singida ya Kidijitali!

(Kimya. Mheshimiwa anapanguza uso. Anaangalia saa, anakunja karatasi zake, haiti tena. Warina asali wa Mitundu wanatazamana.)

Basi, chakula kipo tayari.

(Emiliana ameshafika mlangoni. Anageuka, anaita kwa mwito aliokuwa akiutumia baba yake kichakani, mrefu, unaopanda mwishoni. Hakuna anayejibu. Anaita tena. Hakuna anayejibu. Anajifuta machozi kwa ncha ya kitenge, kisha anaita mara ya tatu. Warina asali wote wanaitikia kwa pamoja na kuinuka.)

Jamani, pilau.

(Mzee Calist anapita katikati ya viti akimwambia Emiliana: "Njia yake siijui, mwanangu, nisikudanganye. Ila jioni moja msimu uliopita, alipokuwa kwenye mizinga ile, nilikuwa upande wa korongo, nikamsikia akiita kutoka mawioni, karibu kabisa." Mwingine anasema jioni ile ile yeye mwenyewe alikuwa kule kwenye miti iliyoungua, akaisikia sauti ya mzee ikitokea nyuma yake. Wa tatu anasema basi mizinga ipo katikati hapo. Wanatoka wakibishana, wakielekea kwenye lori. Akina mama wa Mtinko wanawafuata na ngoma zao. Ndugu Clement amefunga kompyuta na kutoka pia.)

Karani, hapo mwishoni andika: makofi ya muda mrefu.

(Hapakuwa na makofi.)