Ratiba ya Mabel

Jumamosi, 7 Desemba

Shule ilifungwa jana. Nimekuwa wa tatu kati ya wanafunzi hamsini na wanane, Kidato cha Kwanza. Binamu yangu Zena amekuwa wa thelathini na moja. Simcheki. Naandika kwa ajili ya kumbukumbu tu.

Shangazi Mama Trevor amefika Lupaso kutoka Masasi kwa bodaboda, kitenge kimejaa tope. Amesema shule ya awali iliyo jirani na kwake itafanya usaili Jumamosi ijayo. Mtoto wa ukoo wetu atakayechaguliwa atakaa kwake. Ila yeye anashinda sokoni, kwa hiyo mtoto aje na dada yake mkubwa wa kumpeleka na kumrudisha. Huyo dada atahamia sekondari ya mjini. Chumba ni kimoja. Mtoto mmoja, dada mmoja.

Sekondari ya mjini! Maabara yenye umeme! Hapa tunasoma kemia kwa kuchora chupa ubaoni, baada ya kutembea saa moja na nusu.

Watoto wa miaka mitano ukooni ni wawili. Mabel, mdogo wangu. Shakila, mdogo wake Zena.

Nimekwisha kushinda. Nimeanza kukunja nguo.

Jumapili, 8 Desemba

Baada ya ibada nimeandika ratiba ya Mabel kwa kalamu mbili, nyekundu na bluu. Kuhesabu. Irabu. Kuhesabu tena. Vyakula vya kutia nguvu mwilini. Kukaa kwa adabu. Nimeibandika mlangoni kwa uji wa muhogo.

Mama ameisoma yote, halafu ameuliza kucheza kuko wapi. Nimemweleza kwa heshima kwamba kucheza nimekuondoa. Amesema mtoto si gunia la korosho, useme ukilishindilia linaingia zaidi. Gunia lenyewe hupasuka.

Mama hakufika sekondari. Simlaumu.

Baba ni katekista, na leo alikuwa bado na Kitabu cha Sala mkononi. Ameficha uso ndani yake. Mabega yalikuwa yakitikisika. Nadhani alikuwa akituombea.

Jumatatu, 9 Desemba

Mabel amehesabu mpaka ishirini bila kosa. Nimegeuka kuchukua chaki. Kugeuka tena, kigoda kitupu!

Nimemkuta kwa shangazi Mama Zena, chini ya mikorosho, gauni lina doa la maji ya bibo kifuani. Doa la bibo halitoki kwa sabuni wala kwa maombi. Nimemwamkia shangazi shikamoo, ameitikia marahaba huku akichambua korosho, kisha ameniuliza nani amefariki, maana nimekuja na uso wa msibani.

Zena alikuwa anacheza mdako na watoto. Msichana mkubwa wa sekondari! Wamechimba shimo dogo, wamelijaza korosho. Mchezaji anarusha jiwe juu, na kabla halijashuka anazichota korosho. Kisha anazirudisha shimoni na kubakiza moja. Mzunguko wa pili anabakiza mbili. Hivyo hivyo mpaka kumi. Kelele tupu.

Zena ameniita Mwalimu Mkuu wa Mbuzi, kwa sababu darasa langu lina Mabel na mbuzi wetu wawili. Akaongeza kwamba mbuzi ndio wanaoelewa. Shangazi amecheka mpaka amemwaga ungo.

Binamu ni mtani. Kwa mila, utani wa mtani haukasirikiwi, unajibiwa kwa utani. Nimesimama pale nikitafuta jibu. Halikuja. Nimemshika Mabel mkono tukaondoka.

Jumanne, 10 Desemba

Wazo! Limenijia nikisomba maji.

Kwa nini niwazuie Zena na Shakila kucheza? Wacheze! Wacheze mpaka Krismasi! Kila saa ya mdako ni saa ambayo Shakila hajifunzi kitu.

Mchana nimekwenda kwao na jembe. Nimemwambia Zena kwamba nimefikiri upya, na kwamba watoto wanahitaji furaha. Nimewachimbia shimo jipya, pana, la duara kabisa. Nimewapelekea mawe laini kumi na mawili kutoka mtoni. Nimemshauri awaite na watoto wa jirani, ili Shakila asipate nafasi hata ya kupumua.

Zena amenitazama sana. Halafu amesema asante, dada, kumbe una moyo.

Nimeona haya kidogo. Yamepita.

Jumatano, 11 Desemba

Nimepita kwao kukagua. Watoto saba! Shakila anagawa korosho, kila mtu sawa, na anayedokoa anakosa zamu. Amemfokea jirani kwamba amebakiza nne badala ya tano. Muda wote unapotea bure. Nimefurahi sana.

Jibu la utani pia limekuja, baada ya siku mbili. Nimemwambia Zena kwamba yeye ni Mwalimu Mkuu wa Mashimo. Ameniuliza nimelitunga lini. Watoto wote saba wamecheka, na si kwa jibu langu.

Nyumbani nimeanza somo jipya, Mitego ya Usaili. Nimemfundisha Mabel kwamba walimu ni wajanja. Wataweka vitu vizuri vya kuchezea ili wamjue mtoto mvivu. Asiguse. Akunje mikono, anyamaze, asubiri swali la hesabu. Tumerudia mara thelathini.

Zena alichungulia uani akasema Mabel amekaa kama mzee wa baraza la kanisa, bado upara tu.

Ijumaa, 13 Desemba

Nimegundua kitu chini ya mkeka wa Mabel. Gunzi la hindi lililovikwa kipande cha khanga. Ana mtoto! Anamwita Dorika. Hilo ni jina langu.

Nimelichukua nikaliweka juu ya kabati. Nilitegemea atalia. Hakulia. Amekunja mikono, amenyamaza, amesubiri swali la hesabu.

Nidhamu imeanza kuingia. Hata hivyo sikula vizuri.

Jumamosi, 14 Desemba

Naandika nyumbani kwa shangazi Mama Trevor, Masasi. Kutoka dirishani naona uzio wa sekondari ya mjini. Afadhali nisingeuona.

Watoto waliingia wawili wawili. Sisi dada tuliruhusiwa kukaa nyuma. Mwalimu Sabina, mama mnene mpole, alikuwa amekaa chini kabisa, kwenye mkeka! Mbele yake vizibo vya soda, udongo wa mfinyanzi, magunzi. Hakuna ubao wala kitabu. Akawaambia karibuni, wanangu, chezeni.

Nilimkonyeza Mabel. Mtego!

Mabel akakunja mikono. Mwalimu akamsogezea vizibo. Mabel akasema shikamoo. Mwalimu akaitikia marahaba, akamwomba ampe vizibo vinne tu. Mabel akahesabu kwa sauti, moja mpaka mia moja, akitazama ukuta. Kizibo hata kimoja hakugusa. Mwalimu akampa gunzi, akamuuliza kwa upole kama angependa kumbeba huyu mtoto. Mkono wa Mabel ulitoka. Niliuona ukitoka. Kisha ukarudi, akasema kwa sauti kubwa:

"Hapana. Dada amesema huo ni mtego."

Watu wote waligeuka kunitazama.

Wakati huo Shakila alikuwa amechimba shimo kwenye udongo na kulijaza vizibo. Akamfundisha Mwalimu mdako. Akahesabu, akagawa, akabakiza tatu, akabakiza nne. Mwalimu alipochota zaidi, Shakila alimwambia amekosa zamu. Mwalimu alicheka mpaka akashika mbavu.

Shimo lilikuwa la duara kabisa. Najua alikojifunza.

Shakila amechaguliwa. Zena anahamia Masasi Januari.

Jumapili, 15 Desemba

Jana, kabla hatujaondoka pale shuleni, Mwalimu Sabina aliniita pembeni. Hakunigombeza, na hilo ndilo lililoniuma. Alisema mtoto wa umri huu hujifunza kwa kucheza. Mikono ndiyo inayohesabu kwanza, mdomo hufuata. Alisema Mabel ana akili, ila anaogopa, na hofu hiyo hakuzaliwa nayo. Nimlete tena mwezi wa sita, lakini kwanza acheze.

Nimeyaandika yote kwenye daftari. Nimepiga mstari kwa wino mwekundu.

Leo asubuhi, kabla hatujarudi Lupaso, Mama Trevor amesema chumba sasa kimejaa, ila mtoto mmoja mdogo kama Mabel tunaweza kumbana kitandani. Dada hapana.

Baba ameniambia nisikate tamaa. Zena ameleta yale mawe kumi na mawili ya mtoni. Amesema nimpe Mabel, wao mjini watapata mengine. Nilitaka kumjibu kwa utani. Nililia, na kwa mila ya utani hilo ni kosa. Zena hakucheka. Afadhali angecheka.

Jumanne, 17 Desemba

Nimeamka na nguvu mpya! Nimeelewa kosa langu. Mabel hakufundishwa kucheza.

Nimebandua ratiba ya zamani. Mpya nimeiandika kwa kalamu tatu. Saa mbili kamili, mdako, mizunguko ishirini. Saa tatu, kufinyanga, chungu kimoja kila robo saa. Saa nne, kulea gunzi (gunzi nimelirudisha, linatolewa saa nne na kukusanywa saa tano). Saa tano, kucheka. Alama zitatolewa. Atakayepata chini ya hamsini atarudia kucheza mpaka jioni.

Mama ameisoma yote. Amekwenda kukaa jikoni.

Asubuhi Mabel alisimama mlangoni, amekunja mikono. Kule kwa shangazi watoto walikuwa wanapiga kelele chini ya mikorosho, na sauti ya Shakila ilisikika ikihesabu. Mabel ameniuliza kama anaweza kwenda kucheza.

Nimemwambia hapana. Sasa hivi ni kipindi cha kucheza.